Uzi: Wasafiri wa Ulaya wa miaka ya 1500 hadi 1700, nani alifika na nani alikaa kwake akatunga?

MchoraRamani:
Wakuu, salamu. Huu uzi niliuahidi kwenye ile mada ya Kilwa, mkanikalia kooni. Leo umeme upo, chai ipo, tuanze.

Kule kulikuwa na pande mbili. Mmoja anamnukuu Mreno wa mwaka 1505 kama ananukuu msahafu. Mwingine anasema Wazungu wa enzi zile wote waongo, tupa kule. Nimefundisha historia sekondari miaka kadhaa na wanafunzi wangu nao walikuwa hivyo hivyo, ama wanameza chote ama wanatema chote. Mimi nikiwasoma hawa watu huwa nina swali langu moja: ni wapi huyu msafiri alichanganyikiwa? Mbele ya safari mtaona kwa nini nauliza hivyo.

Naanza na mwongo wa waongo.

Mwaka 1703 alishuka London kijana mweupe, Kilatini kinamtoka kama maji, akajitambulisha kuwa ni mzaliwa wa Formosa, kisiwa ambacho leo tunakiita Taiwan. Alijiita George Psalmanazar. Jina alilopewa na wazazi wake hakuna anayelijua hadi kesho. Wengi wanaamini alitoka kusini mwa Ufaransa. Hilo la Psalmanazar alilipika kutoka kwa Shalmanesa, mfalme wa Ashuru, yule wa kwenye Biblia. Kabla ya hapo alishawahi kujifanya hujaji wa Ireland anayekwenda Roma, ikamshinda kwa sababu njiani alikuwa anakutana na watu wanaoijua Ireland. Basi akajifanya Mjapani. Huko nani atambishia?

Akiwa askari huko Uholanzi akakutana na kasisi wa jeshi, Mskoti aitwaye William Innes. Kasisi akampa kifungu cha Cicero, mwandishi wa Kirumi wa kale, akitafsiri kwa "lugha yake". Kijana akatafsiri. Siku nyingine akamwambia hebu tafsiri tena kile kile. Maneno yakatoka mengine kabisa! Hapo ungetegemea kasisi amfukuze. Wapi. Alimbatiza, akampa hilo jina la George, akamfundisha awe makini zaidi, wakaenda naye London. Kasisi akavuna sifa ya kumwongoa mpagani.

Kidau:
Nimeshavuta mkeka. Hawa ni matapeli wa kariakoo kabisa, mmoja anacheza karata mwingine anajifanya mteja. Shusha mkuu.

MchoraRamani:
Naendelea. Mwaka 1704 kikatoka kitabu chake cha maelezo ya Formosa, historia na jiografia yake. Ndani mna ramani, mavazi ya mfalme na ya wanavijiji, sarafu, sala ya Baba Yetu kwa Kiformosa, na alfabeti nzima yenye herufi alizozibuni mwenyewe. Mna sadaka za kila mwaka ambapo mioyo ya wavulana 18,000 inateketezwa kwa mungu wao. Mna waume wenye haki ya kumla mke aliyezini. Na yeye mwenyewe, akialikwa mezani kwa mabwana wa London, anakula nyama mbichi iliyojazwa viungo, usiku analala amekaa kwenye kiti na taa inawaka, ili watu wapite waseme ama kweli huyu si mwenzetu.

Kitabu kilinunuliwa. Mwaka uliofuata likatoka toleo la pili, na humo ameongeza majibu kwa waliompinga. Akapelekwa hadi Oxford.

Ukweli wenyewe ni kwamba Waholanzi walishakaa Formosa tangu 1624 hadi walipofukuzwa na jemadari wa Kichina, Zheng Chenggong, mwaka 1662, na tangu 1683 kisiwa kilikuwa chini ya dola ya China. Yeye anasema kiko chini ya Japani! Na mmisionari wa Kiholanzi Candidius alishaishi kule na kuandika. Maelezo yake yalikuwepo, tena kwa Kiingereza. Psalmanazar aliyakanusha kifua mbele.

mtu_wa_Geita:
Samahani mkuu, mimi hapa nakwama. Mzungu mweupe pe anasema ametoka Asia, na watu wasomi wanaitikia amina? Hawakuwa na macho?

MchoraRamani:
Swali zuri, na hapo ndipo penye utamu.

Mosi, hakuna mtu London aliyewahi kumwona mtu wa Formosa. Rangi ya ngozi wakati ule wengi waliihesabu kuwa kazi ya jua. Alipoulizwa mbona wewe mweupe, akajibu kwamba wakubwa wa Formosa wanaishi kwenye nyumba za chini ya ardhi, jua haliwapati.

Pili, dini. Alisimulia kwamba alitoroshwa kwao na padre Mjesuiti, akapelekwa hadi Avignon, akalazimishwa awe Mkatoliki, akagoma. Kwa Mprotestanti wa London mwaka 1703 hiyo ni hadithi tamu kuliko asali. Ukimpinga Psalmanazar unaonekana unawatetea Wajesuiti. Na kweli aliyempinga waziwazi alikuwa Mjesuiti, Jean de Fontaney, aliyekuwa amekaa China. Wakakutanishwa mbele ya wanasayansi wa Royal Society. Padre anasema Formosa ni ya China, kijana anasema ni ya Japani, na bado wapo wasikilizaji waliomwamini kijana.

Tatu, na hii ndiyo naitaka mimi: alikuwa na jibu la kila swali. Edmond Halley, mtaalamu wa nyota, yule yule wa ile nyotamkia, alimbana kwa hesabu. Formosa inapitiwa na tropiki ya Kansa, kwa hiyo kuna siku jua linakuwa utosini kabisa. Je, mwanga wake unafika chini ya dohani za nyumba? Kijana akasema hapana. Halley akaona kamkamata. Kijana akaongeza kwamba dohani za Formosa zimejengwa kwa kupinda.

Uzeeni alitubu, akaandika kumbukumbu zake zikachapwa mwaka 1764, mwaka mmoja baada ya kufa kwake. Humo anaeleza kanuni aliyojiwekea: jambo akishalisema mbele ya watu, hata wawe wachache, hata liwe la ajabu kiasi gani, halibadilishi. Ndiyo maana wale wavulana 18,000 hawakupungua hata mmoja. Watu walimpigia hesabu kwamba kisiwa kitaisha watu, akawajibu kwa wake wengi.

Sasa tazameni. Kitabu kizima cha nchi ya mbali, na hamna mahali hata pamoja ambapo mwandishi anasema hiki sikukielewa. Hilo peke yake lilitosha kumshuku.

Kidau:
Dohani zimepinda 😂😂😂 Huyu angezaliwa leo angekuwa anauza viwanja hewa.

BintiMvita:
Mleta uzi, mwatuzungusha London tangu asubuhi. Sisi wa pwani twangoja zamu yetu. Vasco da Gama alipita kwetu, na watu wake waliandika. Wao walichanganyikiwa wapi?

MchoraRamani:
Shikamoo dada wa Mvita, zamu yako imefika.

Safari ya kwanza ya da Gama, 1497 hadi 1499, ina shajara iliyoandikwa na mmoja wa watu wa merikebuni. Hakuweka jina, wengi wanamtaja Álvaro Velho. Haikuandikwa ili iuzwe dukani, na haikuchapwa hadi mwaka 1838 baada ya kupatikana Porto. Huyu bwana nampenda, maana ni mtu wa kawaida, anaandika alichokiona bila kujipodoa.

Alikosea wapi? Alikosea kila alipodhani anakijua anachokiona. Walikuwa wanatafuta Wakristo na viungo, na walikuwa na hadithi ya mfalme Mkristo, Kasisi Yohana, anayetawala mahali fulani upande huu wa dunia. Walipoambiwa Msumbiji kwamba Kasisi Yohana yuko bara kule ndani, shajara inasema walilia kwa furaha. Malindi wakakutana na wafanyabiashara wa Kihindi, wakawasikia wanataja kitu kama "Kristo, Kristo"; inawezekana sana walikuwa wanamtaja Krishna. Wakaandika: hawa ni Wakristo. Walipofika Calicut, India, mwezi Mei 1498 wakaingizwa kwenye hekalu la Kihindu, wakapiga magoti. Shajara inaliita kanisa. Halafu, kwa utulivu kabisa, mwandishi anasema watakatifu waliochorwa ukutani wana taji, wengine meno yametokeza nje ya kinywa, wengine wana mikono minne au mitano.

Anaona meno. Anahesabu mikono. Na bado anaandika "watakatifu". Castanheda, mwanahistoria Mreno aliyeandika miaka ya 1550, anasimulia kwamba mmoja wao, João de Sá, alipiga magoti huku akisema kama huyu ni shetani basi mimi namwabudu Mungu wa kweli, na da Gama akatabasamu. Kumbe wapo walioshtuka.

Sasa geuza upande wa pili. Tarehe 7 Aprili 1498 wako Mombasa, wiki moja baadaye wako Malindi. Sultani wa Malindi anakuja kukutana nao baharini. Kuna viti viwili vya shaba vyenye mito, mwavuli wa hariri nyekundu, mzee aliyebeba upanga mfupi kwenye ala ya fedha. Halafu mwandishi anafika kwenye kitu ambacho hakijui jina. Anasema: tarumbeta mbili za pembe za ndovu, zimechongwa vizuri, urefu wake sawa na mtu, zinapulizwa kwenye tundu lililo ubavuni, na sauti yake inapatana vizuri na nafiri.

Mlamu_Halisi:
Siwa hiyo!

MchoraRamani:
Siwa, naam. Hana neno lake, hana cha kwao cha kulifananisha, basi imembidi aeleze: urefu, nakshi, tundu liko upande gani. Hapo ndipo namwamini kwa asilimia mia. Pale asipokuwa na jina ndipo macho yake yanafanya kazi.

Na hilo la nafiri ni zawadi nyingine. Kwa Kireno chake ameandika neno lililotoka kwenye Kiarabu, shina moja na hii nafiri yetu. Watu wameshaachana na Waarabu wa Andalusia, wamezunguka Afrika nzima, wanafika Malindi wanakuta neno lao linawasubiri.

BintiMvita:
Maashallah. Lakini usiwapake mafuta sana. Hapa kwetu Mombasa walifanya nini?

MchoraRamani:
Sijawapaka mafuta. Wao ndio waliowamwagia watu mafuta. Shajara yenyewe inasema walipokuwa Mombasa usiku, da Gama aliwahoji Waislamu wawili waliokuwa merikebuni kwa kuwadondoshea mafuta ya moto mwilini, ili waseme kama kuna njama. Imeandikwa kama mtu anavyoandika hali ya upepo. Hakuna aliyemlazimisha kuandika, wala haoni kama kuna haja ya kuficha. Mimi ushahidi wa namna hiyo nauweka juu kuliko wa adui yake.

Profesa_Kijiweni:
Nimesoma kimya kimya, sasa naingia. Kanuni yako ni nzuri kwa siwa, mkuu, lakini itakufia mkononi ukiipeleka kwenye habari za "wala watu". João dos Santos, yule Mdominiko aliyefika Msumbiji 1586 na kitabu chake kikachapwa Évora 1609, anasimulia kwamba Wazimba, wapiganaji kutoka upande wa Zambezi, waliingia Kilwa kwa usaliti wa mtu mmoja wa mji, wakaua na kula watu elfu tatu, kisha wakapanda hadi Mombasa mwaka 1589, na mwisho wakapigwa Malindi, na waliowapiga hasa ni Wasegeju. Maelezo yamejaa, tarakimu zipo. Kachanganyikiwa wapi hapo? Na je, ni kweli?

MchoraRamani:
Profesa, umenipata kidogo. Wazimba walikuwepo, Wasegeju walikuwepo, na vita vya Mombasa vya 1589, merikebu za Wareno dhidi ya Mir Ali Bey wa Waturuki, havina ubishi. Lakini Kilwa dos Santos hakuwepo. Tarakimu ya watu elfu tatu walioliwa ni ya kusikia, tena imesikiwa na Mreno ambaye watu wake walikuwa wamepigwa na Wazimba huko Zambezi. Mtu aliyekupiga lazima awe jini, la sivyo aibu inabaki kwako.

Ila naomba tusikimbilie kusema kila habari ya kula watu ni uzushi. Ipo mifano ambayo mashahidi wasiopendana wanasema kitu kimoja. Twende Brazil.

Hans Staden, mpiga mizinga kutoka Hesse, Ujerumani, alitekwa na Watupinamba, wenyeji wa pwani ya Brazil, mnamo 1554, akakaa mateka takriban miezi tisa akingoja kuliwa. Kitabu chake kilitoka Marburg mwaka 1557, na picha za mbao ndani yake. Dibaji kaiandika profesa wa tiba, Johann Dryander, na sehemu ya dibaji hiyo ni kulalamika kwamba wasafiri waongo wamewaharibia wasafiri wakweli. Yaani mwaka 1557 tayari msomaji alikuwa ameshachoka kupigwa kamba, mchapishaji inabidi amlete daktari aape.

Mwaka huo huo André Thevet, mtawa wa Kifransisko, alitoa chake Paris. Brazil alikaa kama wiki kumi, nyingi akiwa mgonjwa, lakini akarudi na kila kitu.

Halafu yuko Jean de Léry. Huyu ndiye kipenzi changu, nitamkalia kidogo, mnisamehe.

Léry alikuwa fundi viatu, Mprotestanti wa Geneva ya Calvin. Alifika ghuba ya Guanabara mwaka 1557, kwenye koloni dogo la Mfaransa Villegagnon. Villegagnon akagombana na Waprotestanti juu ya mkate na divai ya meza ya Bwana, kama kweli vinakuwa mwili na damu au la, akawafukuza kisiwani. Ikabidi wakaishi bara, jirani na Watupinamba. Chekeni nami: watu wanafukuzana kwa hoja ya kula mwili wa mtu, wanakwenda kupata hifadhi kwa watu wanaokula watu.

Alirudi 1558, kitabu chake kikatoka 1578, miaka ishirini baadaye. Katikati hapo Ufaransa ilijichinja. Mauaji ya Mtakatifu Bartholomayo, Wakatoliki walipowachinja Waprotestanti, yalikuwa 1572. Mwaka 1573 Léry alikuwa ndani ya mji wa Waprotestanti wa Sancerre uliozingirwa, njaa ikafika mahali wazazi wakamla mtoto wao aliyekufa. Aliiona maiti, aliandika. Kwa hiyo anapoeleza Watupinamba wanavyomuua na kumla mateka wao, baada ya kumkalisha nao na kumpa mke, hawezi tena kuandika kwa mshangao wa mtu aliyetoka nchi ya malaika. Anasema wazi kwamba Lyon mafuta ya binadamu waliouawa yaliuzwa hadharani kwa mwenye dau kubwa, na kwamba wanaotaka kuona ukatili hawana haja ya kwenda hadi Amerika.

mtu_wa_Geita:
Mafuta ya binadamu yanauzwa? Sasa hao si mumiani!

MchoraRamani:
Umeligusa mwenyewe. Neno mumiani limetoka kwenye "mumiya" ya Kiajemi na Kiarabu, dawa ya kitu kama lami. Wazungu wa karne hizo wakalichukua neno lile lile, na maduka yao ya dawa yakawa yanauza unga wa maiti zilizokaushwa za Misri, mgonjwa anaunywa. Mtu anakunywa maiti asubuhi kwa ushauri wa daktari, jioni anasoma kitabu cha wala watu wa Brazil na kutetemeka.

Narudi kwa Léry. Kuna mzee wa Kitupinamba alimuuliza: kwa nini ninyi mnatoka mbali kote huko kuja kutafuta kuni? Kwenu hakuna kuni? Alikuwa anaizungumzia miti ya rangi nyekundu iliyoipa Brazil jina lake. Léry akamweleza kwamba si ya kuchoma, ni ya kutia rangi nguo, na kwetu yuko tajiri mmoja ananunua shehena nzima. Mzee akauliza, huyo tajiri hafi? Anakufa. Mali anamwachia nani? Watoto wake. Basi, akasema mzee, ninyi ni wapumbavu wakubwa. Ardhi iliyowalisha ninyi haitawalisha watoto wenu?

Najua, naona mikono. Wapo wanaosema mzee huyo anasema sawasawa na mchungaji wa Geneva anayewakemea wafanyabiashara. Inawezekana Léry amemnyoosha maneno. Lakini kitabu hicho hicho kina mazungumzo marefu kwa lugha ya Kitupi, na toleo la baadaye likaongezwa nota za nyimbo alizozisikia. Na alipotaka kueleza sura na mienendo yao ilivyo, alinyoosha mikono, akasema kwa maneno au kwa picha ni vigumu kuvionyesha vizuri. Mtu anayetaka kuwajua inabidi awafuate kwao awaone. Mnaona? Huyo hapo, amekwama. Psalmanazar hakuwahi kukwama hata siku moja.

Kidau:
Na zile picha za watu uchi wanatafuna mapaja zinazozunguka mitandaoni? Zile zake nani?

MchoraRamani:
Nyingi ni za Theodor de Bry na wanawe, Frankfurt. De Bry alikuwa mchonga picha kwenye mabamba ya shaba, mzaliwa wa Liège, mkimbizi wa dini. Alianza mfululizo wake wa Amerika mwaka 1590 na hakuwahi kuvuka Atlantiki. Juzuu ya tatu, 1592, aliwachukua Staden na Léry akawachonga upya. Picha za mbao za Staden zilikuwa za kienyeji, watu kama vijiti, lakini zilichorwa mwenyewe akiwa hai na inaonekana aliwaelekeza wachoraji. De Bry akawapa Watupinamba misuli ya sanamu za Kigiriki, akaongeza wanawake wanaolamba vidole, na Staden yuko pembeni, ndevu tele, mikono juu, anashangaa. Huo ndio mchoro ulioingia vichwani. Ulionunuliwa kwenye maonesho ya vitabu ya Frankfurt ni huo.

Ndiyo maana ukiona picha ya de Bry mahali, uliza kwanza ilitoka kwa nani. Alivyomfanyia John White, Mwingereza aliyechora kwa mkono wake watu wa pwani ya Carolina mwaka 1585, ni hivyo hivyo: mavazi na vyombo karibu vile vile, nyuso amezigeuza za Kizungu.

Profesa_Kijiweni:
Sasa nikumalize. Olfert Dapper, daktari wa Amsterdam. Mwaka 1668 ametoa kitabu kinene cha Afrika yote, ramani, picha, falme. Hakutoka Uholanzi. Mwenye kukaa kwake akatunga ni huyo, tena hakuchanganyikiwa mahali. Lakini wanaoandika historia ya Benin, ule ufalme wa kale ulioko Nigeria ya leo, wanamtumia hadi leo. Kanuni yako inasemaje?

MchoraRamani:
Inasema imekwama, kama Léry 😅. Nakubali. Dapper alikuwa mkusanyaji. Alipata karatasi za watu wa kampuni ya Kiholanzi ya biashara ya magharibi, zikiwemo za mfanyabiashara Samuel Blommaert, na nyingi za karatasi hizo zimepotea. Kwa hiyo ukimsoma Dapper unasoma watu wengine waliofika, wamepitia kwenye kalamu yake. Ubaya wake ni kwamba amewalainisha. Kila aliyesita, yeye amemwondolea kusita. Picha yake maarufu ya mji wa Benin na maandamano ya mfalme imechongwa na mtu ambaye hakuwahi kuuona mji huo.

Kwa hiyo narekebisha: kuchanganyikiwa ni dalili ya aliyefika, lakini asiyefika anaweza kubeba mzigo wa waliofika. Psalmanazar hakubeba wa mtu yeyote. Umeridhika?

Profesa_Kijiweni:
Nusu. Ila nimekuheshimu kwa kukubali.

BintiMvita:
Mimi nauliza la Duarte Barbosa. Huyu alisema vizuri juu ya Kilwa.

MchoraRamani:
Barbosa alikuwa karani wa Wareno huko India, ameandika kama 1516. Kilwa anasema ina nyumba za mawe na chokaa, madirisha mengi "kama yetu", mapaa ya kutandaza, mitaa iliyopangwa, na milango ya mbao iliyochongwa kwa ufundi mkubwa. Hilo "kama yetu" lichunge, ni la mtu anayetafuta kwao. Milango nayo ni ya kweli, nenda Lamu au Zanzibar ukaiangalie ndugu zake. Ila mwaka 1505 jeshi la Mreno Almeida lilikuwa limeshaiteka na kuipora Kilwa, na Barbosa anaeleza uzuri wa mji ulioharibiwa na watu wake. Naye mwenyewe anasema Wareno waliuteka kwa nguvu kwa kuwa mfalme wake alikataa kutii.

Kidau:
Na sisi? Hakuna Mswahili aliyekwenda kwao akawaandika?

MchoraRamani:
Yupo, lakini si wa karne hizi. Salim bin Abakari alikwenda na Mjerumani, daktari Bumiller, hadi Urusi na Siberia mwaka 1896, na safari yake imo kwenye mkusanyo wa Safari za Wasuaheli uliochapwa na Mjerumani Velten mwaka 1901. Yule anastahili uzi wake. Nitauleta, msinikalie kooni tena.

Mlamu_Halisi:
Naongeza moja tu juu ya siwa. Huyo mwandishi kapatia: siwa tundu lake liko ubavuni, si nchani kama tarumbeta. Ya Pate ya pembe na ya Lamu ya shaba zote zimehifadhiwa. Zilikuwa za jumbe na za harusi za wakubwa. Mtu asiyejua angeandika "wanapuliza pembe" akapita. Huyu kasogea karibu akatazama.

BintiMvita:
Mimi nimeitafuta hiyo shajara usiku. Anasema Malindi inafanana na Alcochete. Nimefungua ramani: Alcochete iko ng'ambo ya mto Tagus, waiona ukiwa Lisbon, wavuka maji.

Kidau:
Kwa hiyo Malindi ni Kigamboni?

BintiMvita:
Mtu wa Malindi asikusikie.